Kwarara wa Nadhiri

Naapa kwa mvi zangu zote, na kwa meno mawili ya mbele ambayo bado ni ya kwangu mwenyewe: haya mtakayoyasoma ni kweli tupu, sikuyatia chumvi hata ya kuonja. Yana kasoro moja tu, nayo ni ndogo: hayajatokea bado. Lakini kutotokea si uongo. Masika ya mwaka ujao nayo hayajanyesha, na sijamwona mtu mwenye akili timamu akiyaita ya uongo.

Basi.

Nyangeta Machumu alikuwa amelala kifudifudi ndani ya ufa wa jabali, chini kabisa ya jangwa la Misri, mkono mmoja mbele, mwingine umebanwa ubavuni, taa ya kipajini ikimulika vumbi ambalo halikuguswa tangu enzi za mafarao wa mwisho. Mbele yake, mahali ambapo vidole vilikuwa karibu kufika, palikuwa na kishubaka kilichochongwa ukutani, na ndani ya kishubaka mtungi. Nyuma yake, amemshika vifundo vya miguu kama mtu anayeshusha ndoo kisimani, alikuwepo mwanaakiolojia Sohair Qandil, mwanamke wa Misri, mkubwa wake wa kazi na rafiki yake.

"Toa pumzi, ujipunguze," Sohair alisema. "Kinachoziba njia si jiwe, ni wewe."

"Mwili huu umejengwa kwa sato wa Ukerewe, mwenzangu. Uheshimu."

"Nauheshimu. Lakini kama wasemavyo Waswahili, aliyeshiba haingii tundu la panya."

"Hawasemi hivyo."

"Watasema."

Sohair alikuwa amesoma Zanzibar, miaka ile Wamisri walipokuwa wakimiminika kuja kusoma kwetu, na alirudi kwao na Kiswahili safi na ugonjwa mmoja: kutunga methali na kuwasingizia Waswahili. Nyangeta alikwisha kukata tamaa ya kumtibu.

Pango walilokuwamo lilikuwa mji. Njia zake zilichimbwa ndani ya mwamba, zikapinda, zikagawanyika, zikashuka ngazi, na pande zote mbili vishubaka juu ya vishubaka, na katika kila kishubaka mtungi, na katika kila mtungi ndege mmoja: kwarara, amekaushwa kwa magadi, yaleyale ambayo mama zetu hutia kwenye maharage yaive upesi, akapakwa utomvu, akavishwa sanda ya kitani. Mamilioni yao. Kila mmoja aliletwa na mtu mwenye haja yake, amtoe kwa Thoth, mungu wao wa hekima na maandishi, ambaye walimchora mwili wa mtu na kichwa cha kwarara. Huyu anaomba mtoto, yule ana kesi, mwingine mumewe haeleweki. Ndege alikuwa nadhiri.

Na sasa maji yalikuwa yakipanda kutoka chini ya ardhi. Njia moja baada ya nyingine ilikuwa imelowa, na waliolala ndani ya mitungi kwa karne na karne wakimsubiri mungu wao walikuwa wamegeuka uji mweusi. Misimu miwili Sohair na Nyangeta walikuwa wakifungua mitungi na kukuta uji. Ufa huu wa juu, ambao hata wachimbaji wa kale inaonekana waliuchonga kwa kubahatisha, ulikuwa wa mwisho.

"Nimeushika," Nyangeta alisema. Akaugonga mtungi kwa kucha, akatega sikio.

"Je?"

"Mkavu. Mkavu kama kuni za sikukuu."

Safari hii Sohair hakutunga methali. Nyangeta alimsikia akivuta kamasi gizani.

*

Aliyezaliwa baada ya kwarara kutoweka hawezi kujua tulichokuwa nacho. Alikuwa ndege mweupe mwenye kichwa cheusi kisicho na nyoya hata moja, kama mzee aliyenyolewa, na mdomo mrefu uliopinda kama mundu. Alitembea kwenye mashamba ya mpunga polepole, kichwa chini, kama bwana afya anayekagua vyoo, na kila konokono aliyeonekana alimezwa. Halafu ikaja ile homa ya ndege. Iliwafagia kuanzia mdomo wa Nili hadi Ziwa Victoria, kisha dunia nzima, isibaki hata mmoja wa kuonyeshwa watoto.

Konokono wakafurahi. Wakajaa majarubani na mifereji yote, na kichocho kikajaa pamoja nao. Kule Ukerewe, Nyabise, dada wa Nyangeta, alikwisha kumzika mwanawe wa mwisho, na wawili waliobaki walikuwa wakikojoa damu. Dawa zilikuwepo; lakini mtoto anatibiwa asubuhi, jioni anarudi kuvua majini, kwa sababu atakula nini? Kwa hiyo Nyangeta, fundi wa kutotolesha mayai, alipoitwa Misri, hakuuliza mara mbili. Aliwaambia watu wa kwao kwamba anakwenda kushughulika na maiti zilizokaushwa. Nusu ya kijiji ikasema amekuwa mumiani, nusu ikamwagiza dawa.

Chombo chake cha kazi kiliitwa Mtamizi. Mafundi wenyewe waliueleza hivi: kila kipande cha kiumbe, hata kikavu, kina maandishi ndani yake yanayosema kiumbe huyo anajengwaje. Mtamizi ulikula kipande hicho, ukakisaga, ukakisoma, ukajazia palipofutika, kisha ukaandika upya ndani ya yai la bata lililotolewa kiini chake. Ulijua kuandika jike na kuandika dume. Kitu kimoja tu hawakuwa wamekiweza: ulichokula haukurudisha. Kikisomwa, kimekuwa jivu.

Furushi lilipotolewa mtungini, hema zima lilisogea karibu. Lilikuwa na umbo la ndege aliyekunja mabawa, limefungwa kwa tepe za kitani za rangi mbili, nyeupe na kahawia, zilizopishana zikafanya miraba ndani ya miraba ndani ya miraba, kila pindo limekunjwa ndani lisifumuke, hakuna hata mmoja uliokwenda kombo. Kifuani palishonwa sura ndogo ya Thoth ameketi.

"Nimeona mengi," Sohair alisema taratibu. "Hili mwanangu nitamsimulia."

Wakaliweka kwenye mashine ya miale. Bwana Lutaaya, mkurugenzi wa Shirika la Kurejesha Viumbe, mtu mwema mwenye koti la mifuko mingi na kanuni kwa kila mfuko, alisimama mbele ya kioo akisugua mikono.

"Kichwa kiko wapi?" aliuliza.

Nyangeta alisogeza picha juu, akaisogeza chini. "Hakuna kichwa."

"Mdomo?"

"Hakuna."

"Mifupa, basi! Hata mguu."

"Matete, Bwana Lutaaya. Ni matete yaliyofungwa pamoja na kukandikwa udongo. Katikati mna kitu kidogo kama kifundo cha khanga. Basi."

Mkurugenzi alikaa kwenye kreti. Kisha akacheka, kicheko cha mtu aliyeibiwa mfukoni akagundua mwizi ni babu yake. "Tumetapeliwa na marehemu! Kasisi wa hekalu kala ndege, kamuuzia mtu matete!"

*

Kulifungua furushi ilikuwa kazi ya Nyangeta, maana vidole vyake vilizoea vitu vinavyovunjika. Alifungua tepe moja moja, akazilaza juu ya meza kwa mpangilio zilivyotoka, na kadiri alivyofungua ndivyo alivyozidi kumstahi aliyefunga. Palikuwa na pahali ambapo tepe ilikuwa fupi, ikaungwa na nyingine kwa mshono ambao jicho halikuuona mpaka kidole kilipoupapasa. Ndani kabisa, ambako hakuna mtu angefika, kunja za kitani zilikuwa nadhifu kuliko za nje.

"Angalia," alimwambia Sohair. "Huku ndani alikuwa anamfanyia nani?"

"Yule anayeona ndani," Sohair alijibu.

Kile kifundo kilikuwa pembe ya kitani iliyosokotwa. Nyangeta aliifungua kwa koleo dogo. Mlikuwa na unyoya mmoja mweupe wenye ncha nyeusi. Mlikuwa na vipande vya ganda la yai, utando bado umeshikamana. Na chini yake, wamefungiwa peke yao kwenye kijitambaa, konokono wawili.

Sohair aliinama juu yao.

"Chakula," Sohair alisema mwishowe. "Ndege wazima waliwatilia konokono mdomoni, wapate cha kula njiani. Huyu hakuwa na ndege. Nadhani alikuwa maskini, aliokota unyoya na ganda pale kando ya viota vya ndege wa hekalu. Kwao kipande kilikuwa ni kizima. Ukitoa unyoya umetoa kwarara. Akafunga. Na akamfungashia chakula."

"Tapeli hamfungashii chakula ndege asiyekuwepo," Nyangeta alisema.

"Hii ndiyo methali, sasa. Na hukunilipa hata ada ya mafunzo."

Wakacheka kidogo, kisha kicheko kikawaishia, kwa kuwa wote wawili walikuwa wameuona ule utando. Utando mkavu wa yai ulikuwa na maandishi yote ambayo Mtamizi ungehitaji. Pamoja na unyoya, ulitosha mayai matatu, na hapo ungekwisha, kwa sababu hakukuwa na mtungi mwingine mkavu duniani.

"Hiki ni kitu cha nadhiri," Nyangeta alisema.

"Ni kwa mungu ambaye hana tena hata mlinzi wa mlango."

"Mlinzi hayumo katika nadhiri. Nadhiri ina mtoaji."

Akamsimulia. Yeye Nyangeta alipokuwa mchanga aliugua mpaka watu wakaanza kununua sanda. Mama yake akaweka nadhiri ya beberu mweupe kwa parokia, mtoto akipona. Mtoto akapona. Siku moja wakwe wakaja ghafla, na baba, bila kuuliza, akamchinja beberu. Mama hakugombana. Alitafuta mwana-mbuzi mweupe, akamlea, na alipokomaa akamfikisha mwenyewe parokiani. "Alikuwa akisema nadhiri si beberu. Nadhiri ni kufika."

"Basi chukua," Sohair alisema. "Huyu mtu alimtoa kwarara ambaye hakuwa naye. Wewe utamzaa. Na watoto wa dada yako?"

"Hao ndio walionileta Misri," Nyangeta alisema. Akausukuma unyoya na ganda kwenye kinywa cha Mtamizi. Vikasomwa. Vikawa jivu.

*

Yai la kwanza lilikufa kwenye kitotoleshi cha umeme, na hakuna aliyejua kwa nini. La pili lilikufa vilevile, na Mtamizi ukasema halijoto ilikuwa sawasawa.

"Sawasawa ya bata," Sohair alisema. "Hili la tatu nipeni mimi."

Ukoo wake ulikuwa wa watotoleshaji kule Fayumu. Babu zake, kabla ya umeme na baada yake, walijenga nyumba za matofali ya udongo zenye vyumba vidogo kama mzinga wa nyuki, wakaatamisha maelfu ya mayai kwa moshi wa samadi, wao wenyewe wakilala humohumo, na hawakuwa na kipimajoto. Walikuwa na kope. Unalichukua yai, unafumba jicho, unaliweka juu ya kope, na kope, ambayo ndiyo ngozi nyepesi kuliko zote, inakwambia: ongeza, punguza, geuza. Ustadi huo ulikuwepo Misri kabla Warumi hawajajua kwamba kuku hutaga.

Bwana Lutaaya alipekua mifuko yote ya koti, hakukuta kanuni inayokataza tanuri la udongo. Likajengwa nyuma ya hema. Wanawake wawili wakapokezana ndani yake, yai juu ya kope, na Nyangeta, ambaye maisha yake yote alikuwa akisoma namba kwenye vioo, aligundua kwamba yai linasema. Lilikuwa na namna yake ya kuomba joto, kama mtoto anayevuta nguo.

Kifaranga alitoka mchana, jua likiwaka. Kichwa chake kilikuwa na manyoya, na mdomo wake ulikuwa mfupi na umenyooka.

"Huyu ni bata!" Bwana Lutaaya alilia. "Jamani, tumerudisha bata!"

"Mdomo hupinda akikua, mkurugenzi," Sohair alimwambia. "Hata wewe hukuzaliwa na koti."

*

Kanuni zilikuwa mbili, na zote zilitoka mifukoni siku moja.

Ya kwanza ilikuwa ya akiba. Ganda ambalo kifaranga ametokea, pamoja na manyoya ya kitoto yanayopukutika kwanza, hutiwa kwenye chupa ya baridi na kuwekwa lakiri. Ndege akifa kabla ya kukomaa, Mtamizi utakula akiba na kujaribu tena. Akikomaa, hakuna haja, manyoya yake yatatosha kuandika kundi zima. Mpaka hapo, chupa ile ilikuwa ndiyo kwarara wa pili duniani.

Ya pili ilihusu pango. Maji yalikuwa yamefika njia ya juu. Keshokutwa, alisema Bwana Lutaaya, ufa ule utajazwa saruji, uzibwe moja kwa moja. Na zile tepe za kitani zitapelekwa kwenye maonyesho makubwa, ndani ya kabati la kioo, ziunganishwe na picha ya matete. Alikwisha kutunga na jina la kabati: *Furushi Tupu: Utapeli wa Kale.*

"Hakuwa tapeli," Nyangeta alisema.

"Mama Nyangeta, ndani hamkuwa na ndege."

"Ndege yule pale anakula! Katoka wapi?"

"Katoka kwenye Mtamizi."

"Bwana Lutaaya, nakuomba. Andika jina lingine. Andika 'sadaka ya maskini'."

"Watu hawapangi foleni kuona sadaka ya maskini," mkurugenzi alisema, na hakulisema kwa ubaya. "Wanapanga foleni kuona utapeli. Na hiyo foleni ndiyo inayolisha mradi, na mradi ndio unaowaponya wanao."

Alikuwa amesema kweli, na hilo ndilo lililomuuma Nyangeta. Alikwenda akakaa karibu na kifaranga. Mikononi mwake alikuwa na ganda lililopasuka na kibonge cha manyoya laini, na chupa ya baridi imefunguliwa mbele yake inatoa mvuke. Akiyatia humo, hatakuwa na kipande cha kwarara cha kurudisha mtungini kabla ya saruji; nadhiri ya mtu aliyefunga kwa upendo ule itaishia kwenye kabati la kuchekwa, na ndege wake hatafika alikokuwa akipelekwa, milele. Asipoyatia, na kifaranga akafa, kwarara amekwisha mara ya pili, na aliyemmaliza ni yeye. Aliwaza uso wa Nyabise. Aliwaza wale konokono wawili kwenye kijitambaa chao.

Akaifunga chupa tupu, akaitia lakiri.

Kufunga furushi upya kulimchukua asubuhi nzima ya siku ile ya saruji, amejifungia kwenye hema la kazi kwa kisingizio cha kupakia kitani cha maonyesho. Alianza na matete. Katikati akaweka ganda, manyoya, na wale konokono wawili wa kale, aliowaficha wasiliwe na Mtamizi. Kisha tepe, moja moja, kinyume cha zilivyotoka. Mara tatu alikosea mraba, akafumua. Mara ya nne vidole vyake vilianza kufuata mikunjo ambayo kitani chenyewe kilikuwa kikiikumbuka, na ikawa kama mtu anayeshikwa mkono kuonyeshwa kusuka ukili: hapa vuta, hapa legeza, hapa geuza ndani. Aliyelifunga mara ya kwanza hakumjua jina. Hakujua kama alikuwa mwanamke au mwanamume, wala aliomba nini, wala kama alipewa. Alijua tu kwamba alikuwa na mkono wa kushoto wenye nguvu, na kwamba alipochoka hakuharakisha.

Sanduku la maonyesho alilijaza bendeji za sanduku la huduma ya kwanza, akalipigilia misumari.

Halafu akaingia ufani peke yake, bila mtu wa kumshika miguu. Alitoa pumzi yote, akajipunguza. Mtungi ukakaa kwenye kishubaka chake. Alasiri hiyohiyo saruji ikamiminwa, na Sohair, aliyesimamia, alimtazama Nyangeta magotini palipokuwa na vumbi jeupe la ufa.  

*

Kifaranga aliugua siku saruji ilipokauka.

Aliacha kula. Alijikunyata pembeni, kope zake nyeupe zimefunga nusu. Bwana Lutaaya alikuja mbio, akamtazama, akasema kwa sauti ndogo, "Leteni akiba." Lakiri ikavunjwa. Chupa ikatoa mvuke wake mweupe, na mvuke ulipokwisha hamkuwa na kitu.

"Mama Nyangeta."

"Naam."

"Viko wapi?"

"Havimo."

"Naona havimo! Nauliza viko wapi!"

"Havimo, Bwana Lutaaya."

Mkurugenzi aliipindua chupa, akaitikisa. "Kule kwenu watoto wanakojoa damu. Wako ni miongoni mwao. Mimi si mtu mbaya, sijui kutukana, lakini nisaidie neno la kukuita."

Nyangeta hakumsaidia. Hakusema kwamba alikuwa amelitafuta neno hilo mwenyewe, tangu asubuhi, na amelipata. Alimchukua kifaranga, akamweka kifuani, akaingia naye kwenye tanuri la udongo lililokuwa bado na uvuguvugu, akafumba jicho na kumlaza juu ya kope kama yai. Alikuwa wa moto mno. Akamtoa penye upepo, akapoa mno. Akamrudisha. Ongeza, punguza, geuza. Sohair aliingia na bakuli la maji, akakaa mlangoni, na safari hii hakuna Mswahili aliyesingiziwa chochote.

"Akifa," Nyangeta alisema, "usiniambie kwamba sikukosea."

"Sitakwambia."

"Na akipona pia."

"Wala akipona."

Jua lilipokuwa linapanda siku ya pili, kifaranga alifumbua jicho. Alikitazama kidole cha Nyangeta kwa dharau, kama bwana afya aliyeamshwa. Sohair akachota konokono mmoja kwenye mfereji, akamweka sakafuni. Kifaranga akamfikiria. Kisha akammeza, ganda na yote, shingo ikavimba, ikashuka.

Hilo halikumuokoa Nyangeta. Bwana Lutaaya alimfukuza kazi kwa kanuni iliyotoka mfuko wa ndani kabisa, na sanduku la maonyesho lilipofunguliwa likakutwa na bendeji, akamfukuza tena, kwa kuwa mara moja haikumtosha. Alimuuliza kwa ukali, akamuuliza kwa upole, akamuuliza kwa kumsindikiza hadi kituoni akimbebea begi. Nyangeta alimshukuru kwa begi.

Alirudi Ukerewe, akalima mpunga na dada yake. Miaka ikapita. Asubuhi moja waliinuka majarubani, migongo inauma, wakaona kitu cheupe kinashuka kwenye ukingo, kisha kingine, kisha kundi zima, vichwa vyeusi, midomo imepinda kama mundu, wakaanza kutembea polepole kichwa chini, wakikagua. Nyabise alikaa majini na nguo zake zote. Mwanawe mkubwa, ambaye sasa alikuwa na watoto wake, alimshika bega.

"Wamerudi kwa nadhiri ya nani hawa?" Nyabise aliuliza.

Nyangeta alikuwa na jibu, na lilikuwa jibu zuri kuliko yote ambayo angepata kusema maishani mwake. Hakulisema. Hakumwambia dada yake, wala Sohair katika simu zote walizopigiana mpaka uzeeni, wala padri. Kitu kilichofika hakihitaji kutangazwa. Aliondoka nalo duniani, kimya, kama furushi lile chini ya saruji.

*

Nilipomaliza kuyasoma haya kwa sauti, nimeketi kibarazani kwangu, nilivua miwani, nikangoja sifa. Shemeji yangu Mwatumu alikuwa akipepeta mchele pembeni. Hakuacha kupepeta.

"Shemeji, huyo Nyangeta hakumwambia mtu?"

"Hakumwambia mtu."

"Hata Sohair?"

"Hata Sohair. Ndipo utamu ulipo."

"Na alikuwa peke yake hemani. Na furushi limezibwa na saruji."

"Limezibwa kabisa."

"Haya. Na wewe kakwambia nani?"

Nilivaa miwani tena. Nilitazama karatasi zangu, mbele na nyuma. Kuku alipita.

"Nipe mji," Mwatumu alisema.

Kwa sheria za kwetu, aliyeshindwa hutoa mji, na hakuna rufani. Nikampa Memfisi. Akakataa, akasema ni magofu matupu, atakula mawe? Nikampa Thebe. Akasema kumejaa mafarao, nani atawapikia? Nikampa Kairo na daraja zake zote, akasema kelele, na tena huo si wangu, mji wa kulipia hutolewa na mwenyewe.

Ikanibidi nimpe Pangani, nilikozaliwa na ninakoishi: mto wake, minazi yake, barabara zake na mashimo yake.

Akaweka ungo chini, akapokea kwa mikono miwili kama inavyopasa.

"Nilikwenda Pangani," akasema, "nikakaribishwa vizuri, nikala nikashiba. Ila nilimkuta mzee mmoja mwongo amekalia kibaraza changu."

Nikanyanyuka.